Sufuria Nyuma ya Paka

Mabawa, Tanga
9 Juni 2024

Kwako Aliya binti Yaarub, mpiga picha za watu wasiokwenda popote,

Watu wakiandika barua huanza kwa kusema wana hofu kubwa juu ya yule aliye mbali. Mimi sina hofu nawe hata kidogo. Upo Mombasa unakula viazi vya karai, baba yako ana nyumba Raskazone na nyingine huko, utapatwa na nini? Hofu yangu ni juu ya hao watakaokalishwa kutazama hiyo filamu yako.

Barua yako nimeipata kwa Mselem, konda wa basi. Akanifikishia mpaka mlangoni, akasema, "Mzee, si umwambie huyo binti akupigie simu?" Nikamwambia simu ina macho na masikio, na wewe ukishapata sura ya mtu huiachii. Karatasi haimtazami mtu. Tutaandikiana hivi hivi, kwa basi, wenye haraka watangulie.

Unasema filamu inakaribia kwisha, na itaonyeshwa hapa hapa Mabawa, Jumamosi tarehe 27 Julai, pale ukumbini, ili "wenyeji wajione". Mwanangu, sisi tunajiona kila siku. Tuna vioo. Toka Januari mpaka Ramadhani inabisha hodi umezunguka na kamera mtaani kama mtu aliyepotelewa na mbuzi. Mimi nikakuonyesha njia, nikakubebea ile miguu mitatu ya kamera, nikidhani utapiga bandari, au harusi, au hata mwezi. Wewe unampiga mama anachambua mchele. Unapiga maji yanayotoka bafuni kwa watu. Ukampiga Mwinyijuma muuza kahawa akiosha vikombe mpaka mwenyewe akaona haya, akaviosha mara ya pili. Watu wa barazani wakaniuliza, "Idarusi, huyu mgeni wako anatafuta nini?" Nikawaambia babu yako alizika dhahabu Mabawa, nawe unaitafuta kwa kamera. Wakaniamini. Yuko jirani alichimba nyuma ya choo chake siku mbili.

Mimi shule niliiacha darasa la nne, nikaingia kwenye baiskeli, nikazitengeneza baiskeli za mji huu miaka arubaini na sita. Sanaa siijui. Lakini kitu kibovu nikikiona nakijua. Kile kipande cha Godlisten fundi viatu, pale kona, kitoe. Dakika kumi na moja mtu anashona soli, na paka amelala mbele yake! Hata paka mwenyewe alichoka, akaondoka. Tena Godlisten anajikuna pua humo. Ana watoto wanasoma, watamwona. Kitoe, kwa heshima yake. Vingine viache, si vizuri lakini viache.

Ni mimi,
Idarusi bin Sele
Fundi baiskeli, mstaafu


Kibokoni, Mombasa
18 Juni 2024

Shikamoo Babu Idarusi,

Eid Mubarak, wewe na Bibi Mwatumu. Barua yako nimeisoma nikacheka mpaka mama akaja kuniuliza nina nini.

Godlisten hatoki, Babu. Ndicho kipande nikipendacho kuliko vyote. Jua la alasiri linamwangukia mikononi, paka anahema, na nyuma yao Mabawa inapita bila kujua inatazamwa. Sikumpanga mtu, sikumwambia mtu apite au asipite. Kazi yangu yote ni hiyo. Pua amejikuna mara moja tu, nitaikata.

Nina swali. Mzee Zubeiri yuko wapi? Alinifungulia stoo ya mtaa, akanionyesha mikeka, masufuria ya shughuli, jeneza, kila kitu kimepangwa na kufutwa vumbi, na ufunguo ameuvaa shingoni kwa uzi. Aliniambia amekaa na ufunguo ule miaka ishirini na miwili, na hajapotea hata upawa. Nataka siku ya filamu akae mbele. Nimewauliza watu watatu kwa simu, wote wamenibadilishia mazungumzo. Nyinyi wawili mlikuwa hamwachani barazani, ndiyo maana nakuuliza wewe. Anaumwa?

Mjukuu wako,
Aliya


Mabawa
23 Juni 2024

Kwako Aliya, mwenye maswali,

Zubeiri haumwi. Yuko Horohoro kwa binti yake Shadya, anapunga upepo. Upepo wa Horohoro si unaujua: malori yamejipanga kungoja kuvuka mpaka, na kila lori linampulizia wake.

Basi nikuhadithie, maana utaulizauliza mpaka unitie aibu. Siku ya vunjajungu, ile siku kabla ya kufunga tunapokula kana kwamba Ramadhani ni ya miaka mitatu, mtaa ulitaka kupika pilau ya pamoja. Zubeiri akafungua stoo kwa mbwembwe zake, bismillahi tatu. Sufuria kubwa halipo! Lile la debe zima la mchele, lililoandikwa MABAWA ubavuni kwa rangi nyekundu. Kufuli zima, ufunguo ni mmoja tu, na uko shingoni mwake. Akaanza kulitafuta chini ya mikeka. Sufuria ambalo mtu mzima anaoga ndani, yeye analitafuta chini ya mkeka! Watu wanatazamana. Halafu mtu mmoja akasema, "Msimsumbue, kashalila." Kikatoka kicheko, wallahi, imamu mwenyewe alishika ubavu. Toka siku ile jina lake ni Mla Jungu. Watoto wa chuo cha Kurani wanamwimbia akipita, hakuna tena shikamoo wala nini. Wazee wakauchukua ufunguo, kwa adabu, wakamwambia apumzike. Akaapa kwa msahafu. Hakuna aliyesema hamwamini, na hakuna aliyesema anamwamini. Akafunga siku sita, ya saba akapanda basi.

Ndiyo dunia. Usimwalike, utamtonesha kidonda bure. Mzee wa watu mwache na malori yake.

Na lile la Godlisten nimelifikiria tena. Si pua tu. Nyuma yake kuna ukuta wa kina Nasma, na mwanamke yule huanika nguo za ndani pale. Mumewe ana hasira za karibu. Halafu mwanga wenyewe mbaya. Halafu yule paka ana ukurutu, atakuharibia filamu watu waseme Tanga kuna ukurutu. Mimi sina faida yoyote, nakuombea jina zuri tu.

Idarusi


Kibokoni, Mombasa
1 Julai 2024

Shikamoo Babu,

Nimekaa na kipande cha Godlisten siku mbili nikitafuta nguo za ndani za Bi Nasma. Hazipo. Ukutani umeanikwa mkeka mmoja. Mwanga mbaya nao nimeutafuta, sikuuona.

Ndipo nikaacha kumtazama Godlisten na paka, nikatazama nyuma yao, nikaikuza picha. Dakika ya saba anapita mzee anasukuma baiskeli. Kofia yake ya viua naijua, nimeifuata mitaani miezi miwili. Kwenye keria amefunga kitu kikubwa kwa mipira ya tyubu, amekifunika kanga. Upepo unainua kanga. Herufi ninazoweza kuzisoma ni nne: M, A, B, A. Nyekundu.

Tarehe iliyo kwenye kamera ni 21 Februari. Vunjajungu ilikuwa Machi.

Sijamwambia mtu. Nakuuliza wewe kwanza. Sufuria lilikuwa linakwenda wapi, Babu?

Aliya


Mabawa
8 Julai 2024

Kwako Bibi Macho,

Mwizi mkubwa ni wewe. Mtu anapita nyuma ya paka, hana habari na mtu, wewe unamchukua. Uliniomba ruhusa? Ulimwomba Godlisten, ukamwomba mpaka paka, nilikuona unamkuna shingo.

Haya. Nitakuandikia mara moja, nawe ukishasoma uchane.

Siku ile Zubeiri alikwenda hospitali kupimwa presha. Akauvua ufunguo shingoni akanipa mimi, maana mtu akifiwa jeneza litatakiwa. Akasema, "Idarusi, huu nakupa wewe tu." Alisema hivyo, mjinga yule.

Sasa yuko mwanamke anaitwa Hafsa. Anakaa Raskazone, vyumba vya uani vya nyumba moja ya kizamani, anawapikia watu vyakula. Hafsa ni mke niliyemwacha miaka kumi na minne iliyopita. Nilimwacha kwa kelele. Nilikaa barazani nikasema ni mwongo, nikaapa bora ninywe maji ya mtaro kuliko kupita mlangoni pake. Na kila Jumatano napita. Hakuna la haramu, usininunie. Nakaa kibarazani, mlango wazi, ananipa vitumbua, ananitukana mpaka nashiba, narudi. Mwatumu, mke wangu, anajua Jumatano ni kliniki ya goti.

Hafsa alikuwa na hitima ya mama yake, hana sufuria kubwa. Nikamwambia mimi ninalo. Mzee wa miaka sabini na mbili nikataka kuonekana mtu! Ufunguo nao ukawa mfukoni. Nikalichukua, na jioni nikamrudishia Zubeiri ufunguo wake, akauvaa bila kuuliza neno. Sufuria ningelirudisha Jumatano ya pili, ningebuni sababu ya kuomba ufunguo. Hafsa akalisahau motoni halina maji. Likatoboka kitako, tundu la kupita ngumi. Mafundi wawili wamelikataa. Saa hizi kuku wake anaatamia humo.

Na yule mtu aliyesema "kashalila" ni mimi. Usijidai hukujua. Watu walikuwa wanatazamana, na mimi nilitaka wacheke ili waache kutazamana. Nikawachekesha. Jina la Mla Jungu pia ni langu, lilinitoka mdomoni bila kulipanga, na lilikuwa tamu, siwezi kukudanganya. Kila siku nikasema kesho nitawaambia. Ikaingia Ramadhani nikasema nimefunga, nitasema Shawali. Zubeiri hakungoja Shawali.

Sasa nisikilize. Lifute lile. Sisemi ulikate, nasema ulifute. Likionekana, Mwatumu atafunga nguo zake, na pale barazani sitakuwa na pa kukaa. Watu wale hawanipendi, Aliya. Wananiachia nafasi pale kwenye saruji kwa kuwa nawachekesha. Nikishawekwa ukutani na sufuria lao, wananicheka mimi, na mzee anayechekwa hana pake barazani. Mwulize Zubeiri.

Ulitaka maisha ya kila siku ya Tanga. Umeyapata. Umefurahi?

Idarusi


Kibokoni, Mombasa
15 Julai 2024

Babu Idarusi,

Nimefuta. Kwenye kompyuta, kwenye akiba zote mbili, na kadi ya kamera nimeisafisha. Godlisten amebaki na dakika nne, na hazina maana yoyote.

Usinishukuru. Nimefuta kwa kuwa nimekula kwako, Bibi Mwatumu alinipikia kila nilipokuja, na sikuja Tanga kumvua mtu nguo. Lakini kabla sijafuta nilisikiliza sauti. Unapita pale unapiga mluzi, Babu. Nilifikiri nitakuchukia. Unisamehe kwa kukuandikia hivi mtu mzima, nimekudharau tu.

Ijumaa nilipita Horohoro, nikamwalika Mzee Zubeiri kwa mkono wangu. Kwanza alikataa, kisha akasema atakuja. Sikumwambia kitu. Si langu la kumwambia.

Aliya


Mabawa
30 Julai 2024

Kwako Aliya,

Nimesikia mama yako ameshikwa ghafla ndiyo maana hukuja. Mungu ampe nafuu. Kwa hiyo sikiliza mambo ya filamu yako, maana ndugu yako Mutasim hawezi kukuhadithia, yeye alikuwa anatazama nyaya tu.

Wanawake waliziba madirisha kwa kanga, saa kumi alasiri tukakaa ndani ya giza la rangi rangi. Filamu ni mbaya, nitakwambia kweli. Watu walipiga kelele kila mmoja alipojiona, halafu wakaanza kupiga soga zao. Kitu kimoja: Mwinyijuma alipojiona anaosha vikombe alitoa machozi. Ati hakuwa akijua kwamba mikono yake inafanana na ya marehemu baba yake. Mpuuzi.

Zubeiri alikuja. Alikaa nyuma kabisa, mlangoni, ndala zake amezishika mkononi. Hakuna aliyemsogelea. Watoto wawili wakaanza kumwimbia, mama zao wakawafinya.

Akatokea Godlisten. Nikashika goti langu. Ulishaniambia umefuta, lakini moyo wangu haukukuamini, nikangoja kanga ipeperuke. Soli, sindano, paka, soli. Paka akaondoka. Yakaja maji ya bafuni. Nimeponea. Nikageuka nyuma kwa raha zangu, nikamwona Zubeiri. Alikuwa amekunja uso anaitazama ile picha kila pembe. Alikuwa anatafuta sufuria, Aliya. Mzee yule alipanda basi toka Horohoro, na humo kwenye filamu yako alikuwa bado anatafuta sufuria.

Sijui kilichonisimamisha. Nikasema, "Zima." Mutasim akazima. Nikasema, "Sufuria nililichukua mimi. Zubeiri alinipa ufunguo siku ya hospitali, nikalipeleka Raskazone kwa Hafsa, likatoboka. Yeye hana kosa."

Halafu yule jirani wa choo akasema, "Kwa Hafsa! Na yale maji ya mtaro je, Idarusi?"

Ukumbi ukapasuka. Nikasema naapa, wakacheka. Nikasema wallahi billahi, wakapiga makofi. Mwatumu alicheka kuliko wote, akasema, "Na goti lile limefikaje Raskazone?" Nikataja kuku anayeatamia, basi watu wakalaliana mabegani. Mwinyijuma ananiambia, "Hiyo ya kuku irudie, mzee mwenzangu." Imamu ubavu tena.

Zubeiri hakucheka. Alivaa ndala, akanitazama, akatoka. Alidhani ni dhihaka nyingine. Alidhani nimemtoa Horohoro ili nimchezee mbele ya mtaa mzima.

Kwa hiyo irudishe ile picha. Nasikia wako mafundi wanafufua vilivyofutwa. Niliwaambia watu hawa habari za dhahabu, wakachimba vyoo. Nimewaambia kweli mara moja, wanataka niirudie ya kuku. Irudishe, uje nayo, uwawekee ile dakika ya saba peke yake, hata mara kumi. Na mluzi waache usikike.

Idarusi


Kibokoni, Mombasa
3 Agosti 2024

Shikamoo Babu,

Haipo. Nimempa fundi kadi na kompyuta, ameshinda nazo siku mbili, hakupata hata kivuli chako. Nilifuta vizuri kama ulivyotaka, na leo nimejuta.

Lakini Bi Hafsa hakufutwa. Yupo Raskazone.

Aliya


Mabawa
18 Agosti 2024

Kwako Aliya,

Hafsa alinifukuza mara mbili. Mara ya tatu akanisikiliza, amesimama, mwiko mkononi. Akasema, "Nije kumsafisha rafiki yako mimi, mwanamke uliyemwita mwongo mbele ya watu hao hao? Nani ataniamini? Anza kunisafisha mimi."

Ijumaa baada ya sala, baraza imejaa, nikaanza. Nikasema Hafsa hakupata kunidanganya hata siku moja. Mwongo nilikuwa mimi, na nilimwita vile kwa kuwa alikuwa amechoka kunicheka, na mimi mtu asiyenicheka sikujua nikae naye vipi. Mmoja akaanza kucheka. Mwenzake akamgusa mguu.

Bajaji ikafika. Hafsa akashuka na buibui lake, dereva akashusha sufuria, na kuku ndani yake, maana alikataa katakata kutoka. Hafsa akamtoa kuku akampa imamu amshike. Imamu kashika kuku, nitamkumbuka vile mpaka nife. Akaligeuza sufuria, akapitisha ngumi kwenye tundu, akasema, "Aliniletea huyu, kwa baiskeli, siku ya Jumatano. Niliyelitoboa ni mimi. Yule mzee mliyemtukana hakulijua." Ndani ya dakika moja waliamini wote. Mimi niliapa mpaka koo likakauka! Hafsa hakuapa hata kidogo.

Mwatumu alikuwa ng'ambo, mlangoni kwa jirani. Akaniuliza, "Jumatano?" Nikasema Jumatano. Hajaondoka. Amehamia chumba cha pili, na chakula ananiwekea mlangoni, ugali bila mboga. Nasema alhamdulillahi, ni ugali.

Jana wazee wamenichukua mpaka Horohoro. Zubeiri akatandika mkeka, akatukaribisha wote, mimi pia. Kakonda. Wazee wakaomba radhi, wakamrudishia ufunguo. Hakuupokea. Akasema, "Sufuria ni la mtaa, mtaa ndio utakaosamehe. Ufunguo kaeni nao. Mimi nilikuwa nikipita pale watoto wananiamkia. Sasa nina jina." Akanigeukia. "Ulilitoa wewe. Nenda kalichukue."

Nikamwambia, ndugu yangu, jina haliko mahali pamoja, liko midomoni mwa watoto mia mbili. Akasema, "Basi anza na mmoja."

Leo asubuhi nimeanza. Nimekwenda chuoni nikamwomba mwalimu ruhusa, nikasimama mbele ya mikeka, nikawaambia: Mla Jungu ni mimi, babu Zubeiri hakula kitu, mkilitaka jina hilo niiteni mimi. Wakacheka hao, wakasema, "Babu Idarusi anatania." Kesho nitakwenda tena. Barazani nimekaa, nafasi ipo, kila upande wangu. Mwinyijuma ananimiminia kahawa, kikombe hakijai.

Ukitaka njoo na kamera. Utapiga mzee anazunguka Mabawa anagombea jina baya, hakuna kingine kitakachotokea kutwa nzima. Ni mambo unayoyapenda.

Idarusi


Horohoro
29 Septemba 2024

Idarusi,

Jumatano nilikuja Tanga kupimwa macho. Nikaona nipite Mabawa kidogo, kwa nyuma, sikumwambia mtu. Shadya alinikataza.

Nilikuwa nimefika kwa Godlisten. Mtoto akaita kwa nguvu, "Mla Jungu! Ee, Mla Jungu!" Miguu ikasimama yenyewe, nikageuka, nimeshakuwa hivyo. Kumbe mtoto hanitazami mimi. Anakunyooshea kidole wewe, ng'ambo ya barabara, unasukuma baiskeli ina pancha. Watu walikuwa wengi pale, na wanawake sokoni wanatoka. Ukasema, "Naam." Ukaendelea kusukuma.

Sikukuita. Bado sijawa na moyo wa kukuita, na usije huku mpaka nikwambie.

Mtoto yule aligeuka akanikuta nimesimama njiani kwake. Akanitazama. Nikangoja.

Akasema, "Shikamoo babu."

Nikamwambia marahaba.

Zubeiri